Kilio cha Daktari wa Paka

Sauti ninayoikumbuka ni ya godoro likiburutwa sakafuni. Haikuwa sauti kubwa. Ilikuwa kama mtu anayevuta pumzi ndefu na hafiki mwisho wake. Nilikuwa kwenye ngazi za jengo letu la Saint-Josse, Brussels, kati ya ghorofa ya pili na ya tatu, Jumamosi saa sita mchana, mkate kwapani na mfuko wa vitunguu mkononi, nikasimama palepale, mguu mmoja juu, mwingine chini.

Kwetu Bukavu, hakuna anayeburuta godoro mchana kulipeleka sebuleni bila sababu. Viti vinasukumwa ukutani, meza inatolewa, godoro linatandikwa chini, na wamama wanakaa juu yake, vitenge vimefungwa kiunoni. Ni kwamba mtu amekufa. Hata mtoto akiisikia ile sauti anaacha mchezo. Na sauti ilitoka kwetu, ambako tulikuwa wawili tu, mimi na mama mdogo, na duniani alikuwepo mtu mmoja tu ambaye tungeburuta godoro kwa ajili yake.

Nikawaza: simu imepigwa nikiwa sokoni. Simu imepigwa, nami nilikuwa nachagua vitunguu.

Ngoja nieleze kwanza tulikuwa nani, kabla sijaufungua ule mlango.

Mama mdogo ni mdogo wake mama yangu. Alinilea tangu nikiwa na miaka kumi na mmoja, na yeye ndiye aliyenileta Brussels. Mume wake alibaki nyuma. Alikuwa muuguzi kwenye zahanati moja pale Bukavu, na kila mwaka alisema mwaka ujao atakuja, halafu mwaka ujao ukifika wagonjwa walikuwa wengi mno kuachwa. Mimi nilimwita tonton, kama tunavyowaita wanaume wote wa rika la baba. Jumapili baada ya kanisa tulizungumza naye kwa simu. Mama mdogo alikaa na simu dakika zote, na mimi nilipewa mwishoni, nimsalimie tu na kumsikia akikohoa kile kikohozi chake cha vumbi.

Kisha vita ikaingia Bukavu, na simu ikanyamaza. Ukipiga, unasikia milio mifupi mifupi, halafu hakuna kitu. Wiki ya kwanza, ya pili, ya tano. Watu wa kanisa kila mmoja alileta habari zake. Huyu alisikia kwamba watu wa mtaa wote wamekimbilia msituni. Yule alisikia wamevuka maji. Mwingine alisikia zahanati imefungwa, mwingine akasikia haijafungwa. Mama mdogo alizisikiliza zote kwa adabu ileile, na mwisho alisema "bon", kama mtu anayefunga kopo.

Mimi nilikuwa nafanya menaji, kazi ya usafi. Saa kumi na mbili asubuhi nilishuka metro Schuman pamoja na wenzangu wa ndoo na mifagio, nikapanda kwenye jengo moja la ofisi, nikapangusa meza za watu ambao sikuwahi kuwaona. Niliwajua kwa makombo yao. Ghorofa ya nne, pembeni ya mashine ya fotokopi, palikuwa na katoni ya vitabu iliyoandikwa kwamba kila mtu ajichukulie. Mwanzoni niliogopa, nikafikiri "kila mtu" sio sisi. Siku moja mwenzangu Mreno akachukua kitabu cha mapishi, hakuna aliyemkamata, ndipo na mimi nikatia mkono.

Kitabu nilichotoa kilikuwa cha mwandishi mmoja wa Kiingereza, mwanamke, kimetafsiriwa kwa Kifaransa. Nyuma kulikuwa na picha yake: mama mwenye nywele fupi, anatazama pembeni kama mtu anayesikiliza chungu jikoni. Nilimpenda kabla sijasoma mstari hata mmoja. Shule niliiacha mwaka wa tatu wa sekondari, kwa hiyo nilisoma kwa kidole, polepole, na kamusi ya darasa la jioni kwenye mkoba. Mara mbili nilipitishwa kituo changu kwa ajili yake.

Katika vitabu vyake hakuna mfalme wala mpelelezi. Kuna dada wawili wasiosemeshana miaka kumi kwa sababu ya kabati la mama yao. Kuna baba mjane anayejifunza kupika uzeeni, na kila siku anaunguza sufuria ileile. Kuna wazee wawili wanaopendana wakingojea basi, wala hawaambiani, hadi basi linaondolewa kwenye ile njia. Nilishangaa kabisa. Sikujua kwamba Waingereza nao wana wakwe. Kila katoni ilipojazwa nilitafuta jina lake kwanza, na katika mwaka mmoja nilipata vitabu vinne. Mwenye kuviacha, sijui nani, alikuwa anapiga mistari ya penseli chini ya maneno ya huzuni, na mimi niliona kama tunasoma pamoja. Nilikuwa na ndoto nyingi wakati ule. Mojawapo ilikuwa kwamba siku moja nitamkuta yule mwandishi amekaa kwenye ofisi ninayopangusa, na ataniambia, mwanangu, weka ndoo chini, nieleze umeelewa nini.

Aliyenisikiliza kwa kweli alikuwa mama mdogo. Hakusoma Kifaransa. Kila Jumamosi alinisuka nywele. Mimi nakaa chini kwenye zulia, katikati ya magoti yake, kitabu mapajani. Nasoma ukurasa kimyakimya, halafu namsimulia kwa Kiswahili chetu. Yeye anavuta, anagawa, anasuka, anasema, "Endelea." Mimi sioni uso wake na yeye haoni wangu, lakini kichwa changu kiko mikononi mwake.

Na nilikuwa na namna yangu ya kusimulia. Majina ya Kiingereza hayakukaa kichwani mwa mama mdogo, basi niliyaacha, nikasema tu "yule mke", "yule bwana", "dada mkubwa". Bahari nilikuwa naigeuza ziwa, kwa sababu ziwa analijua. Viazi vya kuoka vikawa ndizi. Nilijiona fundi kweli. Mama mdogo alicheka, akalaani wakwe, akampa ushauri yule baba wa sufuria. "Muambie apunguze moto!" alikuwa ananiambia, kama vile mimi ninaweza kumpigia simu.

Simu za Bukavu zilipokatika nilidhani hatataka tena vitabu. Kumbe ndiyo kwanza alivitaka. "Leta ingine," alisema. "Kichwa yangu itulie."

Nikaanza cha nne. Nilikianza bila kukisoma kwanza, na hapo ndipo nilipokosea, kosa langu la kwanza. Kinahusu mke na mume wanaoishi mji wa pwani. Mume ni daktari wa wanyama. Anatibu paka na mbwa wa watu. Nilipofika kwenye neno lile nikasita. Nitamwambiaje mama mdogo, mwanamke ambaye mume wake anakosa hata dawa za watoto, kwamba huko kuna daktari mzima anayemchoma paka sindano? Nikaona atacheka, na hadithi itaharibika. Nikasema, "Yule bwana ni muuguzi."

Unaona nilivyofanya. Hana jina, ni muuguzi, anakaa mji wa ziwani kama Bukavu. Nilimtengeneza kwa mikono yangu mwenyewe.

Asubuhi moja wanagombana, yule mke na mumewe, kwa sababu anataka kutoka siku ya dhoruba kwenda kutibu, na mke anamwambia kwa hasira aende tu kwa wanyama wake. Mimi nilishamwondoa kwenye wanyama. Basi nikasimulia hivi: "Mke akamwambia, basi, nenda kwa wagonjwa wako." Bwana akatoka. Hakurudi jioni, wala kesho yake.

Vidole vya mama mdogo vikasimama kichwani mwangu. Vikasimama muda mrefu. Halafu vikaendelea, polepole sana.

Usiku ule nikasoma mbele peke yangu na nikakuta anakufa. Wanamkuta baada ya siku nyingi, chini ya majabali, na mfuko wake wa dawa haujafunguliwa. Nikaogopa. Ningewezaje kumsimulia hivyo mwanamke anayengoja simu? Kuacha katikati pia nisingeweza, maana kila Jumamosi aliuliza, "Alafu?" Basi nikawa nasimulia kidogo kidogo. Leo nazungumzia mvua tu. Jumamosi inayofuata, majirani wanaoleta supu. Nikifika mahali pabaya nasema nimechoka, au macho yananiuma, na shingo yangu inakakamaa, naye ameishika.

Alianza kuuliza maswali ya ajabu. "Alikuwa amevaa nini?" "Alikuwa peke yake ao na batu?" "Alikula mbele ya kutoka?" Mimi, mjinga mimi, nilifurahi. Nilidhani mwandishi wangu amemshika.

Wiki tatu zikapita hivyo. Halafu ikaja ile Jumamosi ya vitunguu.

Nilipofungua mlango, mama mdogo alikuwa amekaa katikati ya godoro, kichwa wazi, kitenge cha kahawia kiunoni. Kulia kwake alikaa mama mmoja mnene wa kanisani, ambaye hupika kwenye sherehe zetu zote. Kushoto, mama mwembamba aliyekuwa mwalimu zamani huko kwetu na ambaye sasa ndiye anayesoma Biblia ya Kifaransa mbele ya watu. Wote watatu walinitazama.

"Tua ile mufuko," mama mdogo akasema. "Ikala hapa mbele yangu. Leo sitaki mugongo. Nataka sura."

"Maman, nani alipiga simu?"

"Hakuna mwenye alipiga. Weye njo simu yangu."

Sikuelewa. Nikakaa, mkate bado uko kwapani.

"Mutoto wangu, umefanya muzuri," akasema kwa upole. "Umezunguka na miye juma tatu. Haukunitupia ile habari kama jiwe. Lakini nimechoka kuzunguka. Bamama beko, godoro iko, nimeikala chini. Maliza."

"Sema tu, mama," yule mpishi akaniambia, akinishika goti. "Tuko."

Ndipo nikaelewa. Kwetu mtu hapewi habari ya kifo ghafla mlangoni. Anayeileta anaanzia mbali. Anasema juu ya mgonjwa fulani, mahali fulani, leo anaongeza kidogo, kesho kidogo, mpaka mwenye msiba mwenyewe anafika na kulitamka jina. Hivyo ndivyo mama mdogo alivyoniambia mimi, siku tatu mfululizo, habari za jirani mmoja aliyelazwa, na dawa alizopewa, na jinsi alivyokataa chakula. Siku ya tatu nikasema, "Ni mama." Akanikumbatia.

"Ni kitabu," nikasema. "Maman, nakuapia, ni kitabu."

"Ndiyo, kitabu," akajibu, kama unavyomkubalia mtoto. "Na miye wakati ya mama yako nilisema jirani. Kulikuwa jirani?"

"Haikuwa hivyo. Hakuna mtu aliyeniambia kitu. Imeandikwa."

Hapo akasogea karibu. "Alors, nani alikuambia maneno yenye nilisema kwa simu?"

"Maneno gani?"

"Nenda kwa bagonjwa yako." Aliyasema kwa shida, akiangalia mikono yake. "Ile siku ya mwisho. Nilimuambia akuye, akakatala. Nikasema vile, na nikakata simu. Nilikuwa peke yangu ku jikoni, weye ulikuwa kazini. Sikuambia muntu, ata muchungaji. Ni ye tu alisikia. Kama ile maneno imefika kwako, ni juu aliambia muntu mbele ya…"

Kabla ya kufa, alitaka kusema, lakini hakumaliza. Yule mpishi akaanza kuguna, kile kiguno cha chini kinachotangulia kilio.

Nikaruka, nikachukua kitabu chini ya mto wangu, nikamwekea mama mwalimu mkononi, nikafungua pale pale, nikaonyesha kwa kidole. "Soma, maman. Tafadhali soma. Ni hapa."

Akavaa miwani. Alisoma akichezesha midomo, kidole chake nyuma ya kidole changu.

"Attends," akasema, akiinua kiganja tungoje. "Attends. Hapa hakuna infirmier, hakuna muuguzi."

"Kuna nini?" mama mdogo akauliza.

"Banasema vétérinaire."

"Ni nini ile?"

"Munganga ya banyama."

"Ya ng'ombe?"

"Hapana." Akageuza ukurasa, akarudisha. "Hapa iko anatibu paka. Paka ya bibi moja. Paka iko na… diabète."

Mama mpishi, ambaye alikuwa ameshafungua kinywa alie, akauliza: "Paka iko na sukari?"

"Njo banasema."

"Na anachomwa shindano?"

"Asubui na mangaribi."

Sijui nani alianza kucheka. Nadhani mama mpishi, maana tumbo lake lilikuwa kubwa na likatikisa godoro zima. "Bazungu! Bazungu, mutatuua!" Mama mwalimu akavua miwani ajifute. Mama mdogo alicheka bila sauti, mabega tu, mkono mdomoni, na nikaanza kucheka na mimi kwa ule woga ukinitoka, mpaka nikaona mabega yake hayachezi tena kwa kicheko.

"Juu ya nini ulimutoa kwa paka?" akaniuliza.

"Niliogopa utacheka."

"Njo ungeniacha nicheke."

Alijifuta uso kwa pindo la kitenge.

"Bon. Ule wa paka. Alikufa?"

Ningeweza kusema hapana. Neno lilikuwa ulimini, tamu, tayari: alirudi, maman, alikuwa amepotea tu njia. Lakini nilimwona amekaa pale na kichwa wazi, nikajua nikimpa hilo atalichukua nalo pia kuwa ni habari, na Jumatatu atakwenda kumtafutia mumewe koti la baridi.

"Alikufa," nikasema. "Ule wa kitabu."

"Na wangu?"

"Sijui, maman. Hakuna mwenye anajua."

Nimesema maneno mengi maishani, hakuna yaliyonitoka kwa uzito kama hayo. Akaitikia kwa kichwa.

Aliyeleta hofu mpya ni mama mpishi. Alikuwa ameshaacha kucheka. Aliangalia chini ya makalio yake kama amekalia moto. "Lakini tumeikalia muntu hajafa. Godoro imetandikwa juu yake. Ile si muzuri, bamama. Tukiinuka vile, kilio itaenda wapi?"

Hata mama mwalimu, na masomo yake yote, hakumkatalia. Kwetu kilio kikishatandikiwa godoro lazima kipate maiti wake, la sivyo kitamtafuta aliye hai. Mama mdogo alishika ukingo wa godoro kwa mikono miwili. Aliogopa kuinuka, aliogopa kubaki.

"Basi," mama mwalimu akasema mwishowe, "kuko mwenye alikufa kweli. Tumulilie ule. Kilio ipate mwenyewe."

Na ndivyo tulivyofanya. Nilisoma tangu walipomkuta mpaka ukurasa wa mwisho, mchana wote ule, safari hii bila kubadilisha hata kitu kimoja. Bahari ilikuwa bahari. Paka walikuwa paka, na watu wa mji ule wa Kiingereza walikuja mazikoni na paka wao kwenye vikapu, na hakuna aliyecheka. Mama mpishi alilia kwa sauti, akamwita yule bwana "papa wetu". Mama mwalimu alinisaidia maneno magumu. Mwishoni yule mjane, miezi imepita, upepo unapiga mlango na yeye anapaza sauti "mlango!", kwa sababu mumewe hakuwahi hata siku moja kuufunga. Halafu anakwenda kuufunga mwenyewe.

Mama mdogo akaomba kitabu. Aliitazama ile picha ya nyuma kwa muda mrefu.

"Huyu mama, alifiwa na nani?"

"Hawakuandika."

"Alifiwa. Muntu mwenye hajafiwa hawezi kujua ile mambo ya mulango."

Tukarudisha viti. Wamama wakaenda zao. Kuanzia siku ile hakuniuliza tena "alafu?". Alinisuka kimya, na mimi kwenye katoni ya ghorofa ya nne sikutia mkono. Ndani ya nyumba tulitembea kama watu waliobeba maji yaliyojaa. Simu ya jirani ikilia ng'ambo ya ukuta, tulisimama. Nilianza kuogopa simu, na nikaanza kuogopa kwamba hailii. Na kilichoniuma zaidi ni kwamba sasa alikuwa anachunguza uso wangu kila nikiingia, haraka haraka, kabla hata ya kunisalimia, halafu anageukia jiko.

Asubuhi moja ya baridi natoka kazini, kwenye mdomo wa metro Schuman, nikakuta tonton mmoja wa kanisani ananingoja. Alikuwa mlinzi kwenye jengo la jirani, bado amevaa sare yake. Alikuwa na kikaratasi.

"Niliogopa kupiga ku nyumba," akasema. "Kuko namba ya Kigoma. Ndugu yangu amevuka, yeye njo alinipa. Anasema pale kuko muntu ya Bukavu, infirmier. Ao muntu mwenye alikuwa na ule infirmier. Laini ilikuwa mubaya sana. Mupige leo, mbele ya saa nane."

"Tonton, ni yeye ao ni mwenye alikuwa naye?"

"Njo sikusikia vizuri." Aliniwekea kikaratasi kiganjani, akanifunga vidole. "Weye utajua namna ya kumuambia. Weye mwenye kujua kusimulia."

Alisema kwa wema, maskini. Nilibaki nimesimama, watu wa mikoba wananipita kushoto na kulia.

Sikuweza kwenda nyumbani na "ao" ile. Angeniangalia mara moja mlangoni na kuisoma yote, na asingejua ni ipi, na mimi pia sijui. Nikashuka Saint-Josse nikapita mtaa wetu bila kugeuka, nikaenda mpaka duka la simu la Mturuki.

Niseme kabisa jinsi ilivyokwisha. Mama mdogo alizungumza na mumewe siku ileile, ndani ya kibanda kilekile cha mbao, saa moja baadaye, nami nimesimama nje nikimwona kwenye kioo amejishika kifua. Alimwambia alivyomwambia, mimi sikusikiliza. Nilikuwa nimemfuata nyumbani nikasema tu, "Vaa kabuti, maman, kuna namba ya kupiga," na uso wangu niliufunga kwenye shali hadi machoni kama mtu anayeona baridi. Baadaye akanisimulia kwamba kulikuwa na mtu aliyempigia tonton kabla yake, akanyamaza, akakata. "Laini ya Afrika," akasema. Nikasema ndiyo, ni laini.

Lakini ile mara ya kwanza nilikuwa peke yangu. Mlango wa kibanda haukufunga vizuri. Nilipiga mara sita bila kupata kitu, mara ya saba ikaita, na sauti ya mwenye duka la Kigoma ikaja mbali, na mwangwi nyuma yake.

"Namtafuta mgeni wa kutoka Bukavu," nikasema.

"Mgeni yupi, dada? Hapa wamejaa."

"Muuguzi."

"Aa, daktari! Subiri kidogo aitwe."

Akaweka simu juu ya kitu kigumu. Nilisikia redio, kuku, watu wakibishana juu ya mafuta ya taa. Nilijiambia akija mwingine nitamuuliza moja kwa moja, sitamwacha azunguke, na nyumbani nitasema moja kwa moja pia, nitakaa mbele yake nimtazame. Nilirudia maneno kimoyomoyo. Yalikuwa matatu tu: maman, tonton amekufa. Kisha nikasikia kandambili zikija, si haraka, na mtu akaichukua simu, na kabla hajasema lolote akakohoa kile kikohozi cha vumbi.

"Allô?" akasema tonton. "Allô? Ni nani?"

Kinywa kilikuwa wazi tayari. Lakini nikaona kwamba neno la kwanza atakalosikia kutoka Brussels, baada ya lile la mwisho la mama mdogo jikoni, haliwezi kuwa langu. Aliuliza tena ni nani. Niliziba midomo kwa kiganja, nikamsikiliza akipumua mara moja, mara mbili, kisha nikaurudisha mkono wa simu mahali pake, polepole, ili asisikie mlio.